Picha ya Mama Katika Kitabu cha London

Rama na Chande, mmeniuliza mara nyingi pale bandani habari za London, na kila mara nimejibu "Safari njema," nikaendelea kupaka rangi. Mnanijua. Maneno yangu hutoka moja moja, na mkinitazama wawili kwa pamoja hayatoki kabisa. Ndiyo maana nimenunua daftari hili. Naandika polepole, kama tunavyoandika bango la duka: kwanza mistari ya penseli, kisha herufi. Shule yangu iliishia darasa la saba kama yenu, basi mkikuta nimekosea, nyamazeni kama mlivyonyamaza siku ile nilipoandika SALUNI kwenye bango la bucha.

Habari za pasipoti na viza sitazisimulia. Zilimchosha Dada Mwanaidi kuliko mimi. Huyu ni mtoto wa mama yangu mkubwa, yuko London miaka mingi, na ndiye aliyesema niende nikae kwake wiki sita. Yeye alitaka mtu wa nyumbani wa kuzungumza naye. Mimi nilikuwa na jambo langu, ambalo hata ninyi sikuwaambia.

Marehemu baba alikuwa mchoraji, wa picha na si wa mabango kama sisi. Alifariki nikiwa na miaka miwili. Hakuacha picha yake ya kamera hata moja, na alizochora ziliuzwa zote. Kilichobaki nyumbani ni brashi moja iliyokatika mpini. Lakini mama amekuwa akisema, tangu nipate akili, kwamba ipo picha moja aliyomchora yeye akikuna nazi, ikanunuliwa na mama mmoja wa Kiingereza, ikapelekwa kwenye maonyesho London na kuchapwa kitabuni. "Mimi mwenyewe sikuiona imekwisha," mama husema. "Nilikuja Tanga kumuuguza bibi yako. Niliporudi Dar, ishauzwa."

Nilitaka kuona mkono wa baba umefanya nini. Hilo tu.

Tanga hadi Dar es Salaam

Mama alinifungia mikate ya kumimina na samaki wa kukaanga, akanipa na kanga yake moja. "Ukikiona kitabu," alisema, "kifunge humu." Hakusema "kama ukikiona." Basi nikaondoka na mzigo huo.

Basi lilikatika mkanda wa injini kabla hatujafika Chalinze. Tulishuka, tukakaa nyasini saa tatu. Bibi mmoja aliyekuwa na kikapu cha machungwa alimenyea kila mtu, kisha akaniuliza, "Wewe kijana wa shati jeupe, unakwenda wapi umependeza hivyo?" Nikamwambia, "Dar." Niliona haya kutaja London mbele ya watu waliokaa nyasini. Akasema, "Shati hilo linakwenda mbali zaidi ya Dar." Watu wakacheka, na mimi nikala chungwa langu nikitazama chini.

Dar nilikuwa na siku mbili. Nilikwenda kwenye karakana alikofanya kazi baba, karakana ya Mzee Kondo. Mwenyewe ameshafariki. Nilimkuta Mzee Mchopa, aliyekaa benchi moja na baba. Alikuwa anachora vitone vya chui kwa njiti ya kiberiti, na hakuacha wakati tukizungumza.

"Shikamoo. Mimi mtoto wa Bakari."

"Marahaba. Nimeshaona masikio. Mama yako hajambo?"

"Hajambo. Nakwenda London, mzee. Nakitafuta kile kitabu."

"Kilikuwepo hapa kimoja. Mchwa walikisoma mpaka jalada." Akachovya njiti. "Kitafute huko, utaiona. Ila jua, mwanangu, hapa sote tulikuwa Kondo."

Nilidhani anasema kuhusu upendo, kwamba waliishi kama ndugu. Nilitaka kuuliza ana maana gani, lakini alikuwa kwenye jicho la chui, na jicho si mahali pa kumsemesha mtu. Nikaaga. Kama ningeuliza neno moja tu siku ile, ningejipunguzia majuma matatu.

Angani

Nitawaambia la aibu kwanza. Kutoka Dar hadi London sikula kitu, ila andazi moja, na si kwamba hawakutoa chakula.

Kwetu mtu akikukaribisha, unasema "Nimeshiba, ahsante." Anakukaribisha tena, unasema "Hapana, bwana." Mara ya tatu ndipo unanawa. Mhudumu wa ndege alikuja na sahani zake, akauliza, nikasema ahsante, nimeshiba. Akatabasamu akaenda. Nikamsubiri arudi. Nilinusa kuku wa watu wengine mpaka sahani zikakusanywa. Mara ya pili nikajiambia sasa nitakubali, lakini mdomo ulisema "No, thank you" wenyewe, maana ndiyo Kiingereza nilichokuwa nimekifanyia mazoezi.

Addis Ababa tulichelewa saa kumi. Hapo ndipo nilipolipata lile andazi. Alinipa mama mmoja wa Bukoba aliyekuwa anakwenda kwa mwanawe. Hakuniuliza kama nina njaa. Alinitazama, akaliweka mkononi mwangu, akaendelea na tasbihi yake.

Tottenham

Dada Mwanaidi alinipokea akiwa na sare ya kazi. Anatunza wazee kwenye nyumba ya wazee, na alikuwa ametoka shifti. Alinikumbatia akanusa shati langu. "Bado lina moshi wa kuni," alisema, na hakuniachia upesi.

Flati yao iko ghorofa ya nne, kwenye majengo ya kaunsili, yaani ya halmashauri ya mji. Dirishani unaona paa za mabasi mekundu na kanisa la Wakongo ambalo Jumapili ngoma zake hutetemesha vikombe kabatini. Binti yake, Salma, ana miaka tisa. Anaelewa kila neno la Kiswahili na hajibu hata moja. Mama yake humwambia, "Mwamkie mjomba," naye anasema, "Hi, uncle." Siku ya tatu nilimsikia akimwambia mwenzake kwenye simu kwamba mjomba wake hazungumzi. Dada akacheka, akanitafsiria, kisha akaniambia neno ambalo nimelikumbuka.

"Wee Hamisi, hapa usiposema una njaa, utakufa na njaa. Watu wa hapa hawabembelezi. Si kwamba ni wabaya. Wanaamini ulichosema."

Usiku ule nilimweleza habari ya kitabu. Akasema, "Mama mdogo alinisimulia picha hiyo mimi bado mdogo. Nilidhani ni hadithi ya kutulalishia."

Maktaba

Kuna maktaba kubwa katikati ya jiji yenye vitabu vya wachoraji peke yake, na vile vitabu vinavyochapwa kila yakifanyika maonyesho, ambavyo wenyewe huviita katalogi. Dada aliniandikia kwenye karatasi ninachotafuta, akanionyesha basi, akaenda kazini. Nilikwenda huko siku saba.

Mlangoni wanakunyang'anya kalamu ya wino. Ndani ni penseli tu. Hapo nilijisikia nyumbani kidogo.

Mama wa maktaba alikuwa na miwani mbili, moja machoni na moja kifuani. Alinipa fomu niandike jina la mchoraji. Nikaandika kwa herufi zangu nzuri: BAKARI ATHUMANI. Aliitazama fomu kwa muda. Nadhani alizitazama herufi. Akatafuta kwenye kompyuta, akatafuta kwenye droo za kadi, akarudi na kitabu kimoja kikubwa amekibeba kwa mikono miwili kama mtoto mchanga.

Kilikuwa cha mfinyanzi fulani wa nchi nyingine kabisa aliyeitwa Bakari. Vyungu vitupu, kurasa mia mbili. Niliona tangu ukurasa wa kwanza kwamba siye, lakini alikuwa amekibeba kwa heshima, na alikuwa ananitazama. Nikafungua kurasa zote, mmoja mmoja, mpaka mwisho. Akaona nimekipenda. Kesho yake alikuwa ameniwekea kingine cha mtu yuleyule.

Katika siku hizo saba nilitazama vitabu vingi vya wachoraji walio hai na waliokufa juzi. Kuna mtu amechora bahari nyeusi mara arobaini. Kuna mwanamke aliyeshona nguo za watu waliopotea. Sikuweza kusoma maelezo, lakini nyuma ya kila kitabu kuna orodha ya majina, na jina nalijua kulisoma. Nilishuka na kidole kwenye B, kisha kwenye A. Baba hakuwamo. Jioni nilipanda basi, nikakaa ghorofa ya juu, mbele, taa za maduka zikawashwa, na kila bango nililisoma kama linaweza kuwa lake.

Siku ya saba nilimpigia mama kwa kadi ya simu. Akauliza, "Umekiona?" Nikasema, "Bado." Akasema, "Kimo." Kadi ikaisha.

Walthamstow

Jumamosi Dada hakuwa na shifti, akanichukua sokoni Walthamstow. Soko lenyewe ni barabara moja ndefu isiyokwisha, meza huku na huku. Alikuwa anabishana na muuza ndizi za kupika, Dada kwa Kiingereza na muuzaji kwa Kiingereza kingine, nami nikatangulia.

Mbele nikakuta meza ya vitabu vikuukuu. Chini yake, kwenye boksi la ndizi, nikaona migongo myembamba mirefu. Nilikuwa nimeshazijua katalogi kwa migongo. Nikachuchumaa. Muuzaji, mzee wa kofia ya sufu aliyekuwa anakula chipsi, akaniambia kitu. Nikamwonyesha karatasi ya Dada. Akasoma, akatikisa kichwa, akafuta mafuta vidoleni, akaandika namba nyuma ya mfuko wa karatasi.

Dada alipofika akazungumza naye, akanigeukia. "Anasema vitabu vya Afrika havikai hapa hata wiki. Kuna mzee mmoja wa Kihindi, wa kutoka kwetu, anaitwa Jivan, yuko Stanmore. Hununua vyote, hata vilivyolowa."

Alipiga palepale, amesimama kati ya samaki na viatu. Alianza kwa Kiingereza cha kazini. Ghafla akanyamaza, akatabasamu, akasema, "Shikamoo, mzee. Tanga. Ndiyo, Tanga." Akaniambia huku amefunika simu, "Ameniuliza Tanga barabara ya ngapi."

Stanmore

Jumapili nilikwenda peke yangu. Treni haikufika mwisho. Walitushusha njiani, tukapandishwa mabasi, na basi langu likawa si langu. Nilikuja kushuka kwenye mitaa ya nyumba zinazofanana, kila moja na bustani yake, hakuna mtu nje wa kumuuliza. Nikafika nimechelewa saa mbili. Mlangoni alisimama mzee mfupi, sweta limefungwa vifungo kombo.

"Saa mbili," akasema. "Basi kweli wewe mtu wa Tanga."

"Shikamoo, Mzee Jivan. Nisamehe."

"Marahaba, ingia, viatu hapo. Chai?"

"Ahsante, nimeshiba."

"Usinizungushe mara tatu. Mimi nimezaliwa Tanga, Ngamiani, hesabu hiyo naijua. Kaa, kula."

Kulikuwa na kachori na chai ya maziwa yenye iliki. Nilikula nane. Alikuwa akiishi peke yake tangu mkewe afariki. Chumba cha mbele, ambacho jirani zake wangeweka makochi, kilikuwa cha katalogi kuanzia sakafuni hadi darini: za Nairobi, za Kampala, za Maputo, za watu wa kwetu walioonyesha kazi zao Ulaya. Nikamuuliza kwa nini anazikusanya.

"Natafuta barabara ya kumi na mbili," alisema. "Duka letu lilikuwa pale, pembeni. Niliondoka kijana kama wewe. Miaka thelathini na kitu natafuta mtu mmoja aliyeichora. Wote wanachora twiga, bwana." Akapuliza chai. "Haya. Jina la baba?"

"Bakari Athumani."

Alikuwa na sanduku la kadi, kadi moja kwa kila mchoraji. Akapekua. "Hayumo." Nilijua atasema hivyo, na bado nilihisi kama mtu amezima taa. "Alifanya kazi wapi?"

"Dar. Kwa Mzee Kondo."

Akaweka kikombe chini. "Kwa Kondo? Na wewe majuma yote haya unatafuta Bakari?"

Akapanda kingazi, akateremka na kitabu chembamba cha jalada la manjano. Akanieleza taratibu, kama mtu anayetoa mwiba. Karakana zile zilikuwa na desturi yake. Mwanafunzi anachora, fundi anatia jina. Mnunuzi wa Ulaya alitaka jina moja analolijua, na fundi ndiye aliyenunua hadibodi za kuchorea na rangi, basi jina ni lake mpaka siku mwanafunzi atakapofungua karakana yake mwenyewe. Baba hakuifikia siku hiyo. Nikamkumbuka Mzee Mchopa na chui wake. Hapa sote tulikuwa Kondo.

"Kwa hiyo humu," alisema Mzee Jivan, "picha ni kumi na moja, jina ni moja, na mikono sijui mingapi. Huwezi kumpata kwa jina. Tazama."

Nilitazama. Pundamilia, ndege, samaki, shetani mwenye macho matatu. Ukurasa wa kumi na tisa nikaacha kufungua.

Ni mwanamke amekaa juu ya mbuzi ya kukunia nazi, mgongo umetugeukia, uso hauonekani ila shavu. Nyuma ni manjano inayogeuka kuwa rangi ya machungwa, kama asubuhi. Nazi ameishika kwa mkono wa kushoto. Mama ni wa shoto. Bibi alimpiga sana kwa hilo na halikutoka. Na mguu mmoja wa ile mbuzi umefungwa waya mara tatu. Ninyi mmeiona mbuzi hiyo, mmeshaikalia. Waya bado upo.

"Huyu ni mama," nilisema.

Mzee Jivan alikusanya vikombe. Alitoka, nikasikia maji yakifunguliwa jikoni muda mrefu kuliko vikombe viwili vinavyohitaji. Niliweka kidole juu ya mstari wa mgongo nikaufuata. Mkono wa baba ulianzia juu, begani, ukashuka bila kunyanyuka. Hata mimi mistari yangu mirefu naianzia juu na sinyanyui. Hakuna aliyenifundisha.

Aliporudi nikamwomba anisomee maandishi ya pembeni. Akavaa miwani, akatafsiri: "Hapa Kondo amemchora mke wake kwa mapenzi yasiyofichika. Darini linaning'inia furushi la nafaka, ishara ya nyumba yenye neema."

"Si mke wake."

Nilisema kwa sauti kubwa. Mzee Jivan alinitazama juu ya miwani, na mimi pia nilishangaa.

"Si mke wake," nikasema tena. "Ni mke wa Bakari."

Akaenda kwenye rafu, akaleta katalogi nyingine, akaifungua. Ndani kulikuwa na kikaratasi kidogo kimebandikwa. "Vitabu hukosea," alisema. "Hiki walichapa picha kichwa chini. Walipogundua, hawakuvichoma. Walichapa karatasi ya masahihisho wakaibandika. Kosa halifutiki, lakini anayefungua anaambiwa." Akanisogezea karatasi ngumu, rula na kalamu ya wino. "Wewe si mwandishi wa mabango?"

Ilinichukua saa nzima. Niliandika mbili, maana alikuwa na nakala mbili za kitabu kile. MASAHIHISHO. PICHA HII ILICHORWA NA BAKARI ATHUMANI. ALIYEKAA NI MKE WAKE, ZAINA BINTI OMARI, WA TANGA. Nilipomaliza Mzee Jivan akapaka gundi kwa kidole, akabandika. Kisha akachukua kadi tupu, akaandika jina la baba, akaitia kwenye sanduku mahali pake, kwenye B.

Nakala moja akanipa. Nilikataa mara ya kwanza, akaninyooshea kidole, nikapokea. Nikamwambia basi nitamwandikia vibao vya rafu zake. Nilirudi mara nne. NAIROBI, KAMPALA, MAPUTO, DAR ES SALAAM. Cha mwisho kilikuwa TANGA, na kile hakukipachika kwenye rafu. Alikishika mpaka nilipovaa viatu, na nilipogeuka barabarani alikuwa bado amekishika pale mlangoni.

Kurudi

Safari hii nilikula ndegeni. Nilisema ndiyo mara ya kwanza kabisa, na mhudumu hakuniona mlafi.

Kitabu nilikifunga kwenye kanga ya mama, nikakipakata safari nzima. Katika maisha yangu nilimtamani baba, na sasa nilikuwa nimepata mstari mmoja wa mgongo. Ajabu ni kwamba haukunishibisha. Tangu siku ile ya Stanmore nilikuwa naufungua ukurasa wa kumi na tisa kila usiku, na kila usiku nilijiambia, baba alikuwa anamtazama mama. Mimi je, aliwahi kunitazama? Nilikuwapo au sikuwapo? Si jambo la kumuuliza mtu.

Na nilikuwa na woga mwingine. Nitamwambiaje mama kwamba miaka yote hii, London, ameandikwa mke wa mtu mwingine?

Uwanja wa ndege Dar, ofisa alifungua begi, akafungua kanga, akafungua kitabu. Kikajifungua chenyewe pale kilipozoea.

"Huyu nani?"

"Mama yangu," nikamwambia. Akafunga kitabu vizuri, akakirudisha kwenye kanga, akafunga na fundo.

Nyumbani mama alikuwa anachambua mchele. Aliona kanga, akaenda kunawa mikono, akarudi akakaa kwenye mkeka. Hakukifungua upesi. Alipofika ukurasa ule alitazama muda mrefu sana, mpaka kuku wakaja kula mchele na hakuwafukuza.

"Hakunipendelea," alisema. "Mgongo mpana huo."

Nikaona bora niseme. Nikamwambia yote, jina, na habari ya mke wa Kondo. Nilikuwa natazama mkeka. Nikasikia anacheka.

"Kondo alikuwa na wake wawili, na hakuna aliyekubali kukaa achorwe. Baba yako alipomaliza, Kondo alikuja mwenyewe na kilo ya sukari kuomba radhi kabla ya kutia jina lake. Mchopa ndiye aliyenihadithia niliporudi. Wewe uliniuliza picha, jina hukuniuliza." Akakisogeza kitabu kwenye mwanga. "Nisomee hicho kikaratasi chako."

Nikamsomea. Akatikisa kichwa taratibu. Kisha akagusa pembe ya juu ya picha. "Na hili wameliandikaje?"

"Furushi la nafaka. Ishara ya neema."

"Nafaka," mama akasema.

Akaweka ukucha kwenye furushi, akaushusha. Kuna mstari mwembamba pale, kama unywele, unaotoka kwenye furushi hadi chini kwenye mguu wake wa kulia. Nilikuwa nimeuona mara nyingi. Nilidhani ni mkwaruzo wa uchapaji. Mzee Jivan pia alidhani hivyo, hata akajaribu kuufuta kwa leso.

"Hiyo ni kamba," mama alisema. "Nimeifunga kwenye dole gumba. Ulikuwa na homa, na kanga uliyolalia isipobembezwa hulali. Mikono inakuna nazi, mguu unakubembeleza. Baba yako alikaa mlangoni tangu asubuhi mpaka adhuhuri. Mimi alinimaliza upesi. Hapo juu ndipo alipokawia. Nikamwambia, Bakari, mtoto mwenyewe haonekani, umechora kanga tupu. Akasema, anaonekana."

Nikainama. Kwenye mkunjo wa furushi, pale kanga inapoachana kidogo, kuna kitone cha kahawia chenye doa la mwanga. Kimechorwa kwa ncha ya njiti. Ni kisigino.

Basi hiyo ndiyo karatasi ngumu mliyoniona nayo wiki hii, mkadhani ni kazi ya duka. Inakwenda Stanmore, kwenye nakala ya pili, kwa posta. Ndani ya bahasha nitatia na karatasi nyingine: nimekwenda barabara ya kumi na mbili, nikanakili mabango yote kwa mpangilio, upande wa kulia na upande wa kushoto, kwa herufi zake na makosa yake, mengine yetu wenyewe. Duka la pembeni sasa ni la fundi baiskeli. Nimeliandika hivyo hivyo.

Karatasi ya masahihisho sijaimaliza. Mistari ya penseli iko tayari, nami nimefika katikati, naanzia juu na sinyanyui. Ikikauka itasema hivi:

KILICHONING'INIA DARINI SI FURUSHI. NI MTOTO WAO, HAMISI, AMELALA.